Filamu ya darasa la tano: sauti inatangulia midomo kuanzia dakika ya tatu. Kosa liko wapi?

#1 ChakiNyeupe
Wakuu habari. Ni mradi wa somo la Sanaa na Michezo, darasa la tano, wanafunzi 62. Filamu ya dakika nne: mtoto anatumwa dukani, anapoteza chenji, anatunga uongo, uongo unazaa uongo. Picha inachukuliwa na simu ya Android, 1080p, imewekwa fremu (picha moja moja zinazounda video) 30 kwa sekunde. Sauti inarekodiwa na simu ya pili iliyofungwa kwenye mpini wa ufagio juu ya vichwa vya waigizaji, nje ya picha. Mwanzo wa shoti (kipande kinachopigwa bila kuzima kamera) linapigwa kofi. Kwenye programu ya kuhariri (ya simu, ya bure) kofi la picha linalazwa juu ya kofi la sauti, na mwanzo midomo na maneno vinakwenda pamoja safi kabisa. Ikifika dakika ya tatu sauti imeshatangulia, kwa macho kama nusu sekunde. Mtoto anasikika akisema "nimeibiwa" kabla hajafungua mdomo. Ukipanga upya, yale yale. Tatizo nini, na dawa yake nini? Bajeti ni sifuri, simu ni hizo hizo mbili.

#2 Mizani
Dakika ya tatu ya filamu nzima, au dakika ya tatu ya shoti moja?

#3 ChakiNyeupe
Shoti moja. Sini ya darasani, kamera imesimama, mwalimu anamhoji mtoto mbele ya wenzake.

#4 MkatajiPicha
Hahaha mwalimu! Shoti ya dakika tatu, kamera imesimama, watoto wa miaka kumi na moja? Hiyo ni kamera ya ulinzi ya benki.

Tatizo lako si la ufundi, ni la mpango. Shoti ya watoto iwe sekunde 5 hadi 10. Kila shoti ina kofi lake, kwa hiyo kila shoti inapangwa upya na sauti yake, na hitilafu haipati muda wa kujilimbikiza. Hata kama simu zako zinapishana kwa kiasi unachosema, nusu sekunde kwa dakika tatu, ndani ya sekunde 10 inabaki chini ya fremu moja. Hakuna jicho litakaloiona.

Na faida ya pili ni ya darasa lenyewe. Watoto 62 wanagawanyika makundi 10: manane ya watu sita na mawili ya watu saba. Filamu ya dakika nne ni sekunde 240, kila kundi linabeba sekunde 24, sawa na shoti tatu au nne. Ndani ya kundi: mwongozaji, wa kamera, wa sauti, wa ubao (anataja namba ya shoti na kupiga kofi), mtunza kumbukumbu, mwigizaji. Kila shoti wanabadilishana, waigizaji tu ndio wanabaki. Kwa shoti moja ndefu watoto sitini wanakaa kutazama wawili, na ndipo kelele zinapoanzia.

#5 FremuTupu
MkatajiPicha umemwambia afunike jipu. Jibu liko kwenye simu ya picha.

Simu nyingi hazishiki fremu 30 thabiti hata ukiziwekea 30. Chumba kikiwa na giza kidogo, kamera inataka kila fremu ikae na mwanga muda mrefu zaidi, basi inateremka hadi 24, nyingine hadi 20, halafu mtu akifungua dirisha inapanda tena. Ndani ya faili kila fremu ina alama yake ya muda, ndiyo maana ukiitazama kwenye simu ile ile huoni kasoro. Programu ya kuhariri ikipuuza alama hizo na kuzipanga fremu kwa hesabu ya 30 kila sekunde, picha na sauti lazima ziachane.

Kuhakikisha: hamisha faili kwenye kompyuta, ifungue na MediaInfo (programu inayoonesha taarifa za faili), usome sehemu ya kasi ya fremu. Ikiwa imeandikwa kwamba kasi ni ya kubadilika, na chini yake kuna kiwango cha chini na cha juu, umempata mwizi. Dawa: kabla ya kuhariri chochote pitisha kila faili kwenye HandBrake (programu ya bure ya kubadili faili za video), chagua fremu 30 na kasi isiyobadilika. Shoti ya dakika tatu kwenye kompyuta ya kawaida haichukui muda mrefu.

#6 Mizani
FremuTupu, maelezo mazuri ila yanaelekea upande usio wetu. Fremu zikipungua halafu programu ikazicheza kwa 30, picha inakuwa fupi, inakimbia. Midomo ingetangulia na sauti ingebaki nyuma. Mwalimu kasema sauti ndiyo inayotangulia. Kwa hiyo ama picha imerefuka, ama sauti imefupika. Tafuteni huko.

Picha kurefuka kuna njia ya kawaida kabisa: simu imechukua 30 kamili, mradi kwenye programu umefunguliwa kwa fremu 29.97. Tofauti ni moja kwa elfu. Sekunde 180 mara 0.001 ni sekunde 0.18, yaani fremu tano na kitu. Hiyo inaonekana kwenye midomo. Programu nzuri inaruka fremu moja kila elfu na kubaki sawa na saa. Programu nyepesi inainyoosha picha tu.

#7 SautiYaPwani
Mbona mnazunguka? Simu moja inarekodi sauti kwa sampuli (vipimo vya sauti) 48,000 kwa sekunde, nyingine 44,100. Hapo ndipo mambo yanapoharibika. Weka zote 48,000, kwisha kazi.

#8 Mizani
Ndugu SautiYaPwani, hiyo ingekuwa karibu asilimia 9. Kwa dakika tatu ni sekunde 15 hivi, si nusu. Na watoto wangesikika kama wana mafua au kama wamemeza gesi ya puto, kutegemea upande. Mwalimu angeijua shida ndani ya maneno matano ya kwanza. Kuweka zote 48,000 ni tabia njema, ila si dawa ya ugonjwa huu.

#9 Kibuyu
Na umbali je? Sauti inasafiri mita 340 kwa sekunde, mwanga unafika papo hapo. Kamera ikiwa nyuma ya darasa...

#10 Mizani
Kibuyu, mita 10 ni milisekunde 29, chini ya fremu moja. Halafu sauti yake inachukuliwa juu ya vichwa, si nyuma ya darasa. Na umbali haukui jinsi filamu inavyoendelea, labda kama darasa linatembea.

#11 Kibuyu
Madarasa mengine yanatembea mkuu, hujafundisha la tatu saa nane mchana.

#12 BatiLaMvua
Mizani umetaja sauti kufupika ukaipita. Mimi nakaa hapo hapo.

Simu inayorekodi sauti inaandika kwenye kumbukumbu kidogo kidogo. Kadi ikiwa ya polepole au bandia, au kumbukumbu ya ndani imejaa, au programu nyingine imeamka kwa nyuma, simu inapoteza kipande cha sauti bila kukuambia. Hakuna kimya kinachobaki pale, kipande kimeondoka tu na kilichofuata kimesogea mbele. Matokeo: kila neno linalofuata linasikika mapema kuliko midomo. Ndicho hasa mwalimu anachokieleza. Sikiliza kwa hedifoni, tafuta mahali neno limekatwa katikati au kuna "tik" ndogo.

Kinga: simu ya sauti iwe hali ya ndegeni, funga programu zote, acha nafasi isiyopungua GB 2, rekodi kwenye kumbukumbu ya ndani na si kwenye kadi, kioo kiachwe kimewaka kwa sababu simu nyingine zikizima kioo zinaipunguzia programu ya kurekodi nguvu. Simu ya picha nayo iwe hali ya ndegeni. Simu ikiita katikati ya shoti, nyingi zinakata kurekodi.

Kwa kuwa tumefika kwenye sauti, niongeze, maana hapa ndipo filamu za shule zinapofia. Picha mbaya watu wanaivumilia. Sauti mbaya, wazazi wanaanza kuongea wao kwa wao.

Maiki ya simu inataka kuwa sentimita 50 hadi mita moja kutoka mdomoni. Kila umbali ukiongezeka mara mbili unapoteza desibeli 6, na kelele za darasa la jirani haziteremki hata kidogo. Mpini wa ufagio ni sahihi, ila geuza simu ili tundu la maiki (kwa simu nyingi liko chini, karibu na mahali pa chaji) limtazame anayeongea. Ukiifunga imesimama, kichwa juu miguu chini, sawa. Ukiifunga imelala kifudifudi, maiki inatazama pembeni. Funga kwa mpira wa baiskeli, si kwa selotepu. Selotepu inalia mkono ukicheza. Mtoto anayeshika mpini abadilishwe kila shoti, mikono inachoka haraka na simu inaanza kushuka ndani ya picha.

Bati: jua likitoka wingu likaingia, bati linalia "tak, tak". Mvua sahau kabisa. Rekodi asubuhi kabla ya saa tatu, au hamishieni sini chini ya mti. Kwa nje, vuta soksi nyepesi juu ya ncha yenye maiki ili upepo usiingie. Ndani, kuta tupu za saruji zinarudisha sauti. Tandika makanga au mikeka kwenye ukuta ulio nyuma ya kamera, anakoelekea anayeongea. Na kila mahali mnapopigia, kabla ya kuondoka rekodi nusu dakika ya kimya, watoto wote wameganda. Hicho kimya ndicho utakachoziba nacho mapengo wakati wa kuhariri.

#13 MkatajiPicha
BatiLaMvua kila kitu sawa, ila sekunde 30 za kimya kwa darasa la tano? Labda uwaahidi mandazi.

#14 BatiLaMvua
Waambie ni mashindano: kundi litakalocheka linarudia. Inafanya kazi kuliko mandazi.

#15 Gredi5_Nakuru
Hamjambo majirani. Huku Kenya filamu iko ndani ya tamasha la kitaifa la maigizo la shule, na walimu wa msingi wengi wanaanza na kosa lile lile: mazungumzo. Midomo ndiyo kitu kigumu kuliko vyote kwenye filamu, na ndicho watoto wanapewa kwanza. Kwa Gredi ya 4 na ya 5 ningependekeza katuni za kusogeza, picha moja moja. Hakuna mdomo, sauti inawekwa mwisho, swali la ChakiNyeupe halizuki kabisa.

Vifaa: manila nyeupe, mkasi, vizibo vya soda, maharagwe, simu moja. Simu itazame chini. Sogeza madawati mawili yaache nafasi ya sentimita 40, laza rula mbili za ubaoni, zile za mita moja, sambamba juu yake, simu ilale juu ya rula, lenzi katikati ya pengo. Hadithi inachezwa sakafuni au kwenye kigoda kilicho chini ya pengo. Rula zifungwe kwa mpira kwenye madawati, la sivyo kiwiko kimoja kinaharibu kazi ya saa nzima.

Kasi: picha 10 kwa sekunde zinatosha. Filamu ya sekunde 30 ni picha 300. Sogeza kitu sentimita moja kwa picha kinatembea wastani. Nusu sentimita kinanyata. Sentimita tatu kinakimbia. Watoto wanakosea kwa kusogeza sana mwanzoni, kitu kinavuka jukwaa kwa sekunde moja. Waambie wapange kwanza: kizibo kitoke hapa kifike pale kwa picha 40, waweke alama za penseli.

Usiguse simu kupiga picha. Chomeka earphone za waya, kitufe cha kuongeza sauti kinapiga picha kwenye simu nyingi. Bonyeza kioo kwa muda mpaka mwanga na fokasi vijifunge. Usipofunga, kila mkono ukiingia na kutoka simu inapima mwanga upya na filamu inakonyeza. Wingu nalo linaleta konyezo hilo hilo, kwa hiyo msikae karibu na dirisha lenye jua la moja kwa moja. Kabla ya kila picha mmoja anasema "mikono!" na wote wanarudisha mikono mgongoni. Hata hivyo kuna kidole kitabaki.

#16 JikoLaSanaa
Gredi5 udongo je? Wa mfinyanzi unakauka na kupasuka kabla hawajafika picha ya mia.

#17 Gredi5_Nakuru
Kanda wa unga: unga wa ngano vikombe viwili, chumvi kikombe kimoja, mafuta ya kula vijiko viwili, maji kikombe kimoja ukiongeza kidogo kidogo mpaka uache kunata. Chumvi inazuia usiote ukungu upesi. Ukiwa kwenye mfuko wa plastiki uliofungwa unakaa siku kadhaa. Mnyama awe mfupi na miguu minene. Miguu myembamba inalegea joto likipanda na twiga anakuwa mbuzi. Twiga muhimu? Mtie waya laini ndani.

Kama unga ni ghali pale shuleni, karatasi za kukata zinatosha. Viungo vifungwe kwa uzi wenye fundo pande zote mbili.

#18 TyubuMbovu
Naomba kuingiza swali dogo. Tukipiga ndani kwa taa za tyubu kuna mistari ya giza inapanda na kushuka kwenye picha. Simu mbovu?

#19 FremuTupu
Simu nzima. Umeme wetu ni hezi 50, taa inafifia na kuwaka mara 100 kila sekunde. Kasi ya shata (muda ambao kila fremu inapokea mwanga) ikiwa sekunde 1/60 haigawanyiki sawa na mapigo hayo, ndiyo mistari. Tafuta hali ya mpiga picha mweledi (Pro) kwenye kamera, weka 1/50 au 1/100. Simu isiyo na hali hiyo, angalia kwenye mipangilio kama kuna sehemu ya kuchagua hezi 50 au 60. Ikishindikana zima taa, tumia dirisha: waigizaji walitazame, kamera iwe na mgongo dirishani, upande wenye kivuli mtoto ashike manila nyeupe irudishe mwanga.

Baadhi ya LED za bei rahisi zinafanya vibaya zaidi kuliko tyubu.

#20 Mkaguzi_Mstaafu
Nimefuatilia. Swali langu: hayo ya filamu yamo kwenye mtaala, au walimu mnajiongezea mzigo? Na simu si zimekatazwa shuleni?

#21 ChakiNyeupe
Shikamoo mzee. Somo la Sanaa na Michezo lipo kwenye mtaala wa Tanzania wa 2023, darasa la III hadi la VI, na igizo ni sehemu yake. Filamu ni igizo lililorekodiwa. Simu zinazokatazwa ni za wanafunzi. Hizi ni za walimu, zinaingia na kutoka na mwalimu.

#22 JikoLaSanaa
Hata vile vishikwambi vya sensa ya 2022 walivyogawiwa walimu vinafaa. Kamera yake si ya kujivunia, ila kioo kikubwa kinawawezesha watoto sita kuona picha kwa pamoja, na kwenye kuhariri vidole vidogo haviteseki.

#23 Mkaguzi_Mstaafu
Marahaba. Basi ridhaa ya wazazi? Nauliza kwa sababu video za watoto zinarushwa kwenye makundi ya WhatsApp kama salamu za asubuhi.

#24 Karani_wa_Faili
Mzee kagusa penyewe. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 imeanza kutumika Mei 2023, na taarifa za watoto inazihesabu kuwa nyeti. Kenya wana ya kwao ya 2019, nayo inataka ridhaa ya mzazi. Fomu ya ukurasa mmoja inatosha, ila itenganishe mambo matatu: kurekodiwa, kuoneshwa shuleni, kuwekwa mtandaoni. Mzazi anaweza kukubali mawili ya kwanza na kukataa la tatu, na wengi ndivyo wanavyofanya. Mtoto ambaye fomu yake haijarudi hawekwi pembeni. Anapewa ubao, sauti au uongozaji. Majina kamili na nembo ya shule kwenye sare visionekane kama filamu inatoka nje ya geti.

Na fomu zirudi KABLA ya kupiga. Mzazi akikataa baada ya mtoto wake kuwa ndiye mhusika mkuu, hiyo filamu umeizika.

#25 SanturiYaBabu
Mnagombania sauti na picha kuachana kana kwamba ni ugonjwa wa simu. Nchi hii ilianza nao. Wakati wa ukoloni kulikuwa na mradi wa filamu za mafunzo, sinema haina sauti, maelezo yako kwenye sahani ya santuri inayopigwa pembeni. Ilikuwa Nairobi miaka ya 40.

#26 Karani_wa_Faili
Mradi upo, mahali na miaka siyo. Ni Vugiri, Usambara, wilaya ya Korogwe, 1935 hadi 1937. Walitengeneza filamu zipatazo 35 za milimita 16 na kuzizungusha Afrika Mashariki. Sahani za santuri ni kweli.

#27 SanturiYaBabu
Asante kwa kunyoosha. Hoja inabaki: projekta ina mwendo wake, santuri ina mwendo wake, na kati yao yuko fundi mwenye kidole.

#28 Mizani
Na hapo umetaja kitu cha maana bila kukusudia: mashine mbili, saa mbili. Kuna watakaosema simu mbili haziwezi kwenda sawa kwa asili. Ni kweli, ila kristali inayoongoza saa ndani ya simu inakosea kwa makumi ya sehemu kwa milioni. Chukua 50 kwa milioni: kwa sekunde 180 ni milisekunde 9. Nusu sekunde ya mwalimu ni karibu 2,800 kwa milioni. Hakuna simu mbovu kiasi hicho.

ChakiNyeupe, fanya jaribio tuache kubahatisha. Simu zote mbili zirekodi dakika tatu, mtoto apige kofi mbele ya kamera kila sekunde 30 akitazama saa ya ukutani. Panga kofi la kwanza, halafu hesabu kila kofi linalofuata limepishana fremu ngapi. Pengo likikua pole pole kwa kiasi kile kile, ni kasi ya fremu. Likiruka ghafla, ni vipande vya sauti vilivyopotea, BatiLaMvua ashinde. Likikua halafu likajirudi, FremuTupu achukue.

#29 FremuTupu
Hapo kwenye kujirudi umenielewa. Kuna programu zinazosoma wastani wa faili nzima, tuseme 28, na kulaza fremu zote kwa 28. Sehemu iliyopigwa kwa 30 inachezwa polepole, sauti inatangulia. Sehemu ya 24 inakimbia, pengo linafunga. Kwa hiyo upande si ushahidi dhidi yangu, kama ulivyosema kule #6.

#30 Mizani
Kama programu inasoma wastani, nakubali. Nilikuwa najibu ulichoandika #5, si hiki.

#31 ChakiNyeupe
Jaribio limefanyika, chini ya mwembe, saa nne asubuhi. Programu ile ile, simu zile zile, zote hali ya ndegeni. Sauti imetangulia hivi:

0:30 fremu 1
1:00 fremu 2
1:30 fremu 3
2:00 fremu 9
2:30 fremu 10
3:00 fremu 11

#32 Mizani
Safi. Fremu moja kila nusu dakika ni moja kwa elfu, hiyo ni 29.97 dhidi ya 30 bila ubishi. Fungua mradi mpya, uweke 30 wazi wazi kabla ya kuingiza faili.

#33 BatiLaMvua
Bila ubishi? Kati ya 1:30 na 2:00 zimeongezeka fremu sita; ukitoa ile moja ya kawaida, tano zimeondoka kwa mkupuo. Hizo ni kama milisekunde 167 za sauti, karibu nusu ya tatizo lote, na kubadili namba ya mradi hakuzirudishi. Mwalimu, fungua sauti kwenye Audacity (programu ya kuhariri sauti), kuza mawimbi sehemu hiyo, utakuta mahali mstari umekatika wima.

#34 FremuTupu
Au kamera ilirudia fremu. Simu ikipata joto juani, au ikishindwa kuandika haraka, inaweza kusimama kidogo na programu ikaziba pengo kwa kurudia fremu ya mwisho. Zikizibwa zaidi ya zilizokosekana, picha ndiyo imerefuka. Tazama sekunde hizo fremu kwa fremu, uone kama mtoto ameganda. Tena jaribio la mwembeni mwanga wake haubadiliki. Haliwezi kunihukumu kuhusu sini ya darasani.

#35 ChakiNyeupe
Mawimbi yameangaliwa. Kuna mahali pawili panapotia shaka, ila kuku walikuwa wanapita, siwezi kuapa kwamba ni mkato. Picha haijaganda kwa macho yangu. Onesho la wazazi ni Ijumaa, niwaoneshe nini?

#36 MkatajiPicha
Nakujibu mimi niliyekutania kuhusu kamera ya benki. Usirudie yote. Ikate hiyo shoti ndefu kila mahali mtu anaponyamaza, kila kipande kisogeze sauti yake nyuma kwa fremu zinazotakiwa, na mahali pa kukata funika kwa shoti za sekunde tatu: uso wa mwanafunzi anayesikiliza, mkono kwenye mfuko mtupu, mlango. Shoti hizo hazina midomo, unazipiga kipindi kimoja. Mhoji na mhojiwa uwapige kamera ikiwa upande ule ule wa mstari unaowaunganisha, la sivyo wataonekana wote wanatazama mlangoni.

#37 BatiLaMvua
Na sauti usiinyooshe yote kwa asilimia, kwa sababu mruko wa fremu tano hauponi kwa kunyoosha. Utaharibu dakika ya kwanza ili kuokoa ya tatu. Kata kwenye kimya, sukuma.

Jambo lingine la Ijumaa: spika iunganishwe kwa waya. Sabufa ya bluetooth inachelewesha sauti, mara nyingi milisekunde 100 hadi 200 au zaidi, tangu sekunde ya kwanza hadi ya mwisho. Utakuwa umerekebisha kila kitu halafu wazazi waone kasoro upande wa pili.

#38 Kibuyu
Si mumwambie tu aunganishe bluetooth bila kurekebisha? Sauti imetangulia nusu sekunde, sabufa inaichelewesha, wanakutana katikati.

#39 Mizani
Kibuyu, kwa sekunde kumi hivi za filamu hiyo utakuwa sahihi.

#40 FremuTupu
ChakiNyeupe baada ya Ijumaa rudia jaribio ndani ya darasa, madirisha ya upande mmoja yafunguliwe na kufungwa katikati ya shoti, kofi kila sekunde 10. Bandika hapa na ukurasa wa MediaInfo wa faili zote mbili, ile ya mwembeni na ya darasani. Kasi ikiwa haibadiliki kwenye zote mbili nitawaachia.

#41 BatiLaMvua
Na ubadilishane simu: ya picha irekodi sauti, ya sauti ichukue picha. Mruko ukihama nayo, tutajua ni simu gani. Kuku wafungiwe.